"DHCP si ya watu wa fotokopi": mafundi wa mtandao hapa Kigoma, huyu mwenzenu ametuchosha

Wakuu, naandika mikono inatetemeka na chakula cha mchana sijakigusa.

Sitamtaja jina. Ila nikisema yule kijana wa mtandao mwenye begi la mgongoni, anayeongea na simu mbili kwa wakati mmoja na zote hamjibu mtu, wa Mwanga mmeshamjua, wa Gungu mmeshamjua, wa Katubuka ndiyo usiseme, na wa Ujiji nasikia mna kesi naye ya kamera. Huyo huyo.

Leo, mbele ya wateja wangu benchi limejaa, kuna mama wawili wa Kibirizi waliokuja kutoa kopi za vitambulisho, kuna vijana wanaokimbizana na maombi ya mkopo wa chuo, kuna mwalimu mstaafu aliyenifundisha Hisabati darasa la sita, amenigeukia akaniambia: "Dada yangu, DHCP si ya watu wa fotokopi."

Watu wa fotokopi! Mimi! Ofisini kwangu! Kwenye kiti changu!

Kwa wasioijua, DHCP ni ule utaratibu unaogawia kila mashine anwani yake ya mtandao. Sikilizeni alichofanya, kisha mniambie nani ndiye mtu wa fotokopi.

Nilinunua fayawoli. Kile kiboksi cha kulinda mtandao, bei yake ningepata mtumbwi na injini yake na chenji ya nyavu. Nilikitaka kwa sababu wateja wanatumia waifai ile ile ninayotumia mimi kufanyia malipo, na sitaki simu ya mtu nisiyemjua ikae mtandao mmoja na kompyuta yenye hesabu zangu. Huyu bwana akaja, akachomeka kebo ya intaneti kwenye fayawoli, akaipa anwani 192.168.10.1, akawasha DHCP. Mpaka hapo sina ugomvi.

Ruta ya zamani akaichomoa kwenye intaneti, akaiacha imechomekwa kwenye swichi, kile kidude cha kuunganisha kebo za mashine, ili iendelee kutoa waifai. Sawa, watu wanafanya hivyo. Lakini DHCP yake akaiacha inawaka! Seva mbili za DHCP kwenye mtandao mmoja, moja inagawa 192.168.10 na getiwei (njia ya kutokea kwenda intaneti) iliyo hai, nyingine inagawa 192.168.1 na getiwei ambayo haina intaneti hata tone. Kompyuta ikiwaka haina anwani, inapiga kelele mtandao mzima, 255.255.255.255, mlango wa 67, jamani nani atanipa anwani? Kila seva iliyopo inajibu, na kompyuta kwa kawaida inachukua ofa iliyotangulia kufika. Kwa hiyo asubuhi mashine mbili zina intaneti, tatu hazina. Mchana zimebadilishana. Wateja wanahama viti kama wanacheza rede.

Haijaisha. Safu ya anwani kaweka kuanzia 192.168.10.100 mpaka 192.168.10.119. Anwani ishirini tu, ofisi ya watu wanaoingia na kutoka kutwa nzima! Na muda wa kushika anwani kaweka sekunde 604800, yaani siku saba. Mtu anakuja kutoa kopi ya karatasi moja, simu yake inashika waifai, anapanda gari anarudi Uvinza, anwani anaondoka nayo wiki nzima. Safu ikijaa, fayawoli inakaa kimya, na mashine inayokosa jibu inajipachika yenyewe 169.254 na kitu, ambayo haikupeleki popote.

Na printa! Printa kaipa kwa mkono 192.168.10.105. Hesabuni wenyewe kama 105 haiko katikati ya 100 na 119. Usiku nikizima printa, asubuhi fayawoli inaigawa ile 105 kwa simu ya kwanza inayoomba. Printa ikiamka, vitu viwili vina anwani moja, barua ya mtu ya kuomba kazi inatumwa kwenye simu ya dogo anayeangalia mpira.

Basi nikafungua ile dirisha nyeusi, nikaandika ipconfig /all, amri ya kuonesha mipangilio ya mtandao, nikamwekea kidole kabisa kwenye mstari unaosema seva ya DHCP: 192.168.1.1. Nikamwambia kaka, hii siyo fayawoli, hii ni ruta ya zamani, izime DHCP yake. Hakuangalia. Alikuwa anamenya karanga, maganda anayapanga juu ya kioo cha skana yangu, moja moja. Akaniuliza, "Mmegusa nini?" Nikasema hatujagusa kitu. Akapangusa mikono kwenye suruali, akawageukia wateja, siyo mimi, wateja, akatabasamu, ndipo akasema lile neno.

DHCP si ya watu wa fotokopi.

Mwalimu wangu akacheka. Mwalimu aliyenifundisha kuzidisha! Kucheka kwake ndiko kumeniua.

Na pesa yake alishapokea yote.

Dagaa Kavu:
Nimekaa siti ya mbele. Uzi uendelee.

Kigogo wa Gungu:
Namjua. Kwetu alifunga mtandao wa shule, akaondoka na nywila ya fayawoli kichwani mwake. Kila tukitaka kubadili kitu lazima tumpigie, na akija ni nauli, chakula na "ya kuamka". Pole dada.

Mjomba wa Kasulu:
Hii chai. Kigoma fayawoli ya nini, mnawazuia dagaa?

Mleta uzi:
@Mjomba wa Kasulu njoo ofisini uone kama ni chai. Uje na benchi lako, langu limejaa watu wasio na intaneti.

Swichi Bubu:
Mimi ndiyo kazi yangu hii, na dada ana haki mwanzo mwisho. Kuwasha DHCP kwenye fayawoli ni dakika chache, kazi iko kwenye kufikiria kabla ya kuwasha. Fanya hivi leo hii: ingia kwenye ruta ya zamani, zima DHCP, ipe anwani 192.168.10.2 ili usiipoteze, kebo iwe kwenye tundu la LAN (la mtandao wa ndani) na siyo la WAN (la intaneti). Kwenye fayawoli panua safu iwe 192.168.10.50 mpaka 192.168.10.230, muda wa kushika anwani weka saa moja au mbili, wateja wako hawalali hapo. Getiwei na DNS (ile inayotafsiri majina ya tovuti kuwa anwani) viwe 192.168.10.1. Printa itoe nje ya safu, ipe 192.168.10.20, au iwekee nafasi yake kwa kutumia anwani yake ya MAC, ile namba ya utambulisho iliyotoka nayo kiwandani, ili fayawoli isimpe mwingine. Halafu zima na kuwasha kila mashine, maana aliyeshika anwani mbovu ataing'ang'ania mpaka muda wake uishe.

Ila kwa lile lengo lako la mwanzo bado hajakufanyia kitu. Wateja na mashine yako ya hesabu bado wako mtandao mmoja. Wateja walitakiwa wawe na mtandao wao, safu yao ya DHCP, na sheria kwenye fayawoli ya kuwazuia wasivuke kuja kwako. Hiyo ndiyo kazi uliyomlipia.

Mleta uzi:
@Swichi Bubu Mungu akubariki. Unaona! UNAONA! Hata hilo la kuwatenganisha nilimuuliza siku ya kwanza akasema "ipo automatiki". Hakuna cha automatiki! Nimelipa kazi nzima nimepewa robo, na juu yake nimeambiwa mimi mtu wa fotokopi. Mbele ya mwalimu wangu.

Binti Ujiji:
Ile kesi ya kamera ni yangu. Kamera nne, zote zinaonesha ukuta wa jirani. Nilipomwuliza akasema mwizi lazima apitie ukutani.

Mzee wa Stesheni:
Sasa mwanangu, kama unajua mpaka mlango wa 67, fundi ulimwitia nini? Si ungefanya mwenyewe ukala hiyo hela?

Mleta uzi:
Shikamoo mzee. Nilimwita kwa sababu nafungua saa mbili asubuhi na sikai chini mpaka jioni. Nilikuwa nalipa muda wake na uangalifu wake. Sikulipa nifundishwe nafasi yangu duniani na mtu anayeacha maganda ya karanga kwenye skana.

Mjomba wa Kasulu:
Watu wa fotokopi mna hasira nyie 😂😂

Mleta uzi:
Na wewe ni mwenzake. Nimeshakujua.

Kigogo wa Gungu:
Mjomba acha uchokozi, utakuta kesho unahitaji kopi ya leseni.

Mnyamwezi Halisi:
Poleni ndugu zetu. Huku Tabora mafundi wetu wana heshima, wanafanya kazi na kuamkia. Tatizo la Kigoma mko mwisho wa reli, kila kitu kinawafikia kimeshachoka.

Dagaa Kavu:
Nani kamruhusu mtu wa Tabora humu? Rudi kwenye maembe yako.

Mnyamwezi Halisi:
Reli imefika kwetu 1912. Nyie mmekaa mnasubiri mpaka 1914. Mpaka leo treni yenu na ya Mwanza zinaachania kwetu, bila Tabora hamfiki.

Mzee wa Stesheni:
Kijana, reli haikuja Kigoma kwa bahati mbaya, Wajerumani walikuwa wanalitafuta ziwa. Nyinyi mlikuwa njiani tu. Na meli yetu Liemba iliundwa Ujerumani 1913, ikafumuliwa, ikaja kwenye masanduku, ikaungwa hapa hapa na ikaingia majini 1915. Ikazamishwa vitani, ikaopolewa 1924, ikarudi kazini 1927. Huo ndio ufundi. Nyinyi Tabora mna maji gani ya kuelea hata beseni?

Mnyamwezi Halisi:
Sisi tuna asali. Meli hailambwi.

Swichi Bubu:
Turudi kwenye mada jamani. Dada, swichi yako kama ni ile ya kuingia kwenye mipangilio, iwashie ulinzi wa DHCP, uruhusu tundu lililochomekwa fayawoli peke yake ndilo ligawe anwani. Hapo hata mtu akileta ruta yake kutoka nyumbani akaichomeka, haitavuruga ofisi.

Mleta uzi:
Swichi ni ile ndogo ya matundu manane, haina mipangilio. Lakini nimeshaingia kwenye ruta ya zamani na nimezima DHCP. Mashine zote tano zimechukua 192.168.10. Printa nimeihamisha 20. Kazi ambayo yeye aliniambia si ya watu wangu imeisha kabla maji ya chai hayajachemka. Sasa nasubiri aje kuchukua chaja yake aliyoisahau. Aje tu.

Binti Ujiji:
Usimpe mpaka arudishe nusu ya hela. Mimi nimekaa na bisibisi zake tangu zile kamera, hajawahi kuja kuziulizia.

Mama Wawili:
Mnalia na mafundi wa mtandao, fundi friji hamjakutana naye. Mimi friza yangu ya samaki ilikuwa haigandishi. Akaja mmoja, huyo naye wa Mwanga mnamjua, akasema gesi imeisha. Akajaza, nikalipa. Baada ya wiki hali ile ile. Akajaza tena, nikalipa. Akaja mpwa wangu kutoka Kibondo, hajasomea chochote, akapitisha mkono mlangoni akasema shangazi, mpira wa mlango umepasuka, baridi inatokea hapa. Migebuka ya mtaji mzima imeharibika kwa ajili ya mpira wa mlango!

Kigogo wa Gungu:
Weee! Huyo wa friji ana pikipiki nyekundu?

Mama Wawili:
Huyo huyo.

Kigogo wa Gungu:
Kwetu alisema kompresa imekufa. Kumbe soketi ya ukutani imelegea. Kompresa "iliyokufa" aliondoka nayo.

Mleta uzi:
Jamani mimi bado nina uchungu wangu hapa. Mwalimu alicheka.

Binti Ujiji:
Pole mpenzi. Ila hii ya kompresa ni kubwa. Kigogo, ulimfuata?

Kigogo wa Gungu:
Nilimfuata mpaka Buzebazeba. Mke wake akasema kasafiri, na pikipiki nyekundu iko uani imefunikwa kanga.

Sare ya Harusi:
Nyote hamjaona kitu. Fundi cherehani alinipimia kitenge cha sare ya harusi ya mdogo wangu, yadi sita. Nimeenda kuchukua Ijumaa, harusi Jumamosi, gauni halinipiti mabegani. Kitambaa kilichobaki nasema nipe tuongezee, anasema hakikubaki. Jumapili kanisani mtoto wake kavaa shati la kitenge kile kile.

Mzee wa Stesheni:
La hawla.

Mama Wawili:
Huyo mtoto shati lilimkaa?

Sare ya Harusi:
Lilimkaa vizuri mno, ndiyo uchungu wenyewe.

Mnyamwezi Halisi:
Tabora hayo hayapo.

Dagaa Kavu:
Mnyamwezi bado upo? Treni yako haijaondoka?

Mjomba wa Kasulu:
Mwenye namba ya huyo mpwa wa Kibondo anipe inbox. Friji yangu inaunguruma usiku kucha mpaka watoto wanaamka.

Mama Wawili:
Anakuja Kasulu wiki ijayo, mwandalie mpira wa mlango kabisa, huko madukani wanauza kwa kupima urefu. Pima pande zote nne usije ukanunua mfupi.

Dagaa Kavu:
Mama, ile migebuka iliyoharibika umeshaitupa? Nina mbwa watatu hapa Kibirizi.