Matsunosuke: nyota wa kwanza wa sinema ya Japani, au ndiye aliyeichelewesha?

Mleta mada: Wakuu, kuna jambo linanikera. Kila akitajwa Onoe Matsunosuke, wapenzi wa sinema za kale wanamcheka: eti alikuwa mtu wa jukwaani aliyesimama mbele ya kamera akakodoa macho, basi. Kweli, macho hayo ndiyo yaliyompa jina lake la utani. Lakini anaonewa. Makino Shozo, mwongozaji filamu na mwenye ukumbi wa maigizo kule Kyoto, alimchukua kutoka kundi la maigizo la kuzunguka mwaka 1909. Hadi anafariki Septemba 1926 alishacheza filamu zaidi ya 1,000. Pigeni hesabu: ni zaidi ya moja kila wiki! Nyingi zilikuwa fupi, sawa, ila kwa mwendo huo nani angepata nafasi ya kubuni uigizaji mpya?

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, usimsafishe sana. Wanamageuzi wa sinema ya Japani, kina Kaeriyama Norimasa, walishadai mabadiliko mwishoni mwa miaka ya 1910: nafasi za wanawake zichezwe na wanawake, kamera isogee karibu, hadithi ijieleze bila kumtegemea benshi, yule msimulizi wa pembeni ya skrini (kama wetu wa vibanda umiza). Matsunosuke ndiye aliyekuwa nyota wa kampuni ya filamu ya Nikkatsu. Angetaka, nani angemkatalia? Tazama mwigizaji Bando Tsumasaburo katika filamu ya Orochi ya 1925, anavyopigana kama mtu aliyekata tamaa. Ukirudi kwa Matsunosuke, upanga unakuwa ngoma.

Mchangiaji wa pili: Kwani mmeziona ngapi? Karibu zote zimepotea. Mimi nimeiona filamu yake ya Jiraiya ya 1921. Shujaa ana uchawi wa chura, anatoweka na kuibuka, na kinachofanyika ni kusimamisha kamera kisha kuiwasha tena. Jukwaani ungeliwezaje hilo?

Mleta mada: Ahsante! Halafu huyo Bando alipikwa na nani? Na Makino huyohuyo, baada ya kuondoka Nikkatsu mwaka 1921 na kuanzisha kampuni yake. Kwa hiyo tatizo lilikuwa mazingira ya kazi, si Matsunosuke.

Mchangiaji wa kwanza: Hapo umejifunga mwenyewe, mkuu. Mpishi ni yuleyule, kilichobadilika ni nyama.

Mleta mada: Na jiko je? Hilo umeliruka.