Naomba ushauri: Live! ya Bob Marley (Lyceum, 1975), nichukue santuri ipi?

Kijana wa Ngarenaro:
Wakuu habari za jioni. Naomba msaada wa wenye uzoefu na santuri.

Nataka Live! ya Bob Marley & The Wailers, ile iliyorekodiwa ukumbi wa Lyceum, London, Julai 1975. Kaseti yake tumeisikiliza nyumbani hadi utepe ukalegea, na kwenye simu ninayo. Ila sasa nina mashine ya santuri, amplifaya na spika mbili za maana, nataka kuisikia jinsi ilivyokusudiwa. Ndugu yangu aliyeko Uingereza anakuja likizo Desemba na amekubali kunibebea, lakini moja tu.

Nimekuta njia tatu. Kuna santuri ya zamani yenyewe ya kampuni ya Island, namba ILPS 9376, iliyokwishatumika. Kuna ile iliyofanyiwa masta upya (yaani sauti imeandaliwa upya kwa ajili ya kuchapishwa) kwenye studio za Abbey Road kwa nusu kasi, ya mwaka 2020. Halafu kuna seti ya santuri tatu ya mwaka 2016, yenye maonyesho yote mawili, tarehe 17 na 18 Julai.

Hofu yangu ni besi ya Family Man, mpiga besi wa Wailers. Nimesikia masta nyingi mpya zimepandishwa sauti hadi muziki unakosa pumzi, na reggae bila nafasi kati ya besi na ngoma kwangu si reggae tena. Na hiyo nusu kasi ni kitu gani hasa, au ni maneno ya kuuzia?

Mzee Kinanda:
Karibu sana kijana. Kabla hatujafika kwenye santuri, tuambie mashine yako ni ya aina gani na sindano ina umri gani. Kama ni zile za kisanduku zenye mkono mwepesi wa plastiki usio na uzani wa kurekebisha nyuma, santuri yoyote utakayobebewa itaumizwa. Sindano nyingi za sumaku zinataka uzito wa kati ya gramu 1.5 na 2. Zile za visanduku hukandamiza zaidi ya mara mbili ya hapo. Sema kwanza.

Kijana wa Ngarenaro:
Shikamoo mzee. Mkono una uzani nyuma na katriji, kile kichwa kinachoshika sindano, ni ya sumaku. Sindano niliikuta humo humo niliponunua mashine, umri wake siufahamu.

Mzee Kinanda:
Marahaba. Basi mashine ni nzima. Sindano badilisha, usisubiri. Iliyochakaa inachonga upya mfereji wa santuri, ule sindano inamopita, kila ukicheza, na huo uharibifu haurudi nyuma.

Fundi Sahani:
Nijibu la nusu kasi, maana si maneno ya kuuzia peke yake.

Santuri inaanza na sahani laini inayochongwa kwa kichwa chenye ncha. Kwa kawaida sahani hiyo inazunguka mara 33⅓ kwa dakika, sawa na itakavyochezwa. Kwenye nusu kasi inazunguka 16⅔, na muziki nao unapelekwa nusu ya mwendo wake. Sauti kali ya mitetemo 14,000 kwa sekunde inakifikia kichwa ikiwa 7,000, hivyo ncha inapata muda wa kuifuata bila kuikwaruza. Ukicheza nyumbani kwa mwendo wa kawaida, kila kitu kinarudi mahali pake. Faida yake kubwa iko juu: matoazi, herufi S midomoni mwa waimbaji, na makofi. Besi haipati faida hiyo hiyo, kwa hiyo asikudanganye mtu kwamba nusu kasi itakuongezea besi.

Kwa rekodi ya jukwaani hilo ni jambo kubwa. Makofi ya ukumbi mzima ni sauti kali zilizochanganyikana, na yakichongwa vibaya yanasikika kama mafuta yanayokaanga samaki. Yakichongwa vizuri unasikia viganja, unajua huyu yuko karibu na maikrofoni na yule yuko nyuma.

Jambo la pili watu hulisahau: wimbo uko wapi kwenye santuri. Ukingoni mwa nje mfereji unapita chini ya sindano kwa kasi zaidi ya mara mbili ya kule karibu na lebo, ndiyo maana nje sauti ina nafasi na ndani inabanwa. Kwenye Live! upande B unafunguliwa na No Woman, No Cry, pale pale ukingoni. Kinanda cha Tyrone Downie na watu wanaoimba kiitikio vimepata sehemu bora ya santuri. Lakini Get Up, Stand Up inafungia kule ndani, na ina kelele zote za mwisho wa onyesho. Hapo ndipo santuri mbovu, au sindano mbovu, inapojulikana.

Dada wa Chuda:
Mimi nasema chukua seti ya santuri tatu na sitabadili neno. Santuri ya 1975 ina nyimbo saba. Ni nzuri, lakini tamasha halikuwa la nyimbo saba. Kwenye seti unapata Concrete Jungle, unapata Slave Driver, na unasikia bendi ikipanda taratibu. Kumbuka Peter Tosh na Bunny, waimbaji wenzake Bob wa tangu mwanzo, walikuwa wameshaondoka, na hata kwenye uitikiaji walikuwa Rita Marley na Judy Mowatt tu, mwenzao wa tatu, Marcia Griffiths, hakuwepo. Hii ni bendi inayojijenga upya mbele za watu. Ukisikia usiku wa kwanza kisha wa pili, unasikia kujiamini kukiongezeka. Hilo nyimbo saba haziwezi kukupa.

Fundi Sahani:
Dada, kama historia nakuunga mkono. Ila kijana ameomba moja ya kuishi nayo. Waliochagua zile saba walijua wanachofanya: hakuna wimbo wa kupumzikia. No Woman, No Cry ya studio, kwenye albamu ya Natty Dread ya 1974, haifiki dakika nne na inapigiwa na mashine ya ngoma. Ya Lyceum inavuka dakika saba, ina gitaa la Al Anderson katikati, na ndiyo iliyoingia kwenye chati za Uingereza mwaka ule. Albamu nzima imejengwa kuizunguka. Kwenye seti inabidi uitafute.

Dada wa Chuda:
Kuitafuta ndiyo raha yenyewe. Lakini sawa, nimekuelewa.

Mjuaji wa Nairobi:
Niongeze kuhusu ile ya zamani, kwa sababu mimi nacheza ya 1975 na besi yake ni nzito, safi kabisa. Shida ni kwamba huyo ndugu hataishika kabla ya kuinunua. Maelezo ya wauzaji wa mtandaoni hayaaminiki. Niliwahi kuletewa moja iliyoandikwa ni safi, kumbe imepinda kiasi cha sindano kuruka. Santuri ya kutumika inainamishwa chini ya taa, unaangalia mikwaruzo myembamba kama nywele, unasoma herufi zilizochongwa karibu na lebo ujue ni chapa ipi. Mimi za kutumika nanunua kwa mkono tu, na mara nyingi ni hapa Kenyatta Market, ambako unaruhusiwa kusikiliza kwanza. Kama huwezi kuisikiliza, nenda na mpya.

Kijana wa Ngarenaro:
Asanteni sana, nimepata mwanga. Nitaagiza sindano wiki hii, na ndugu nimemwandikia achukue ile ya 2020. Dada, seti ya santuri tatu nimeiweka akilini kwa safari ijayo. Swali la mwisho: ataibebaje isipinde?

Mzee Kinanda:
Aibebe kwenye begi la mkononi, isimame wima, katikati ya kadibodi mbili ngumu. Asiiweke kwenye sanduku la chini na nguo juu yake. Akishatua Dar asiiache ndani ya gari juani hata kidogo, na kama anapanda basi kuja Arusha aishike mapajani, isiwekwe dirishani. Nyumbani nayo isilazwe.

Fundi Sahani:
Ikifika, usianzie mwanzo. Weka upande B, wimbo wa mwisho, sauti ya wastani. Matoazi ya mpiga ngoma Carlton Barrett yakisikika kavu na kila pigo likajitenga hadi mwisho, sindano umeifunga sawa. Yakikwaruza, angalia pembe ya katriji kabla hujailaumu santuri, kisha rudi hapa utuambie.