Nikiuliza ada ya rufaa imepigwaje hesabu, naambiwa "mfumo ndio umesema"

Wakuu, nina hasira. Anayejua mambo ya masjala za mahakama aje anijibu. Anayekuja kuniambia "ungeweka wakili" apite kimya kimya, hela ya wakili ningekuwa nayo nisingekuwa na deni.

Niko mkoa wa Mtwara, wilaya sitaitaja. Nalima korosho. Msimu uliopita jirani alinilipia vibarua wa palizi na akanipulizia mikorosho kwa pampu yake, tukakubaliana nimlipe mnada wa kwanza ukishalipa. Malipo yakachelewa, maneno yakawa mengi, akanipeleka Mahakama ya Mwanzo akidai milioni 4.3. Nilikiri milioni 1.6, hizo ananidai kweli. Milioni 2.7 zilizobaki sijui zilidondoka mti gani. Hakimu akampa zote.

Nikasema nakata rufaa Mahakama ya Wilaya, kwa hizo 2.7 tu. Swali langu la kwanza pale dirishani lilikuwa la kawaida kabisa, kama unavyouliza nauli kabla hujapanda gari: ada ni shilingi ngapi, na inahesabiwa juu ya nini? Juu ya 4.3 aliyodai mwenzangu? Juu ya kiasi ninachobishia? Au ni kiwango kimoja kwa kila rufaa hata ugombee jogoo?

Karani wa kwanza akanitajia kiasi fulani, nikarudi kijijini kukitafuta. Niliporudi nikamkuta mwingine, akanitajia karibu mara tatu yake, eti kuna na nyaraka nyingine zinazolipiwa. Zipi? "Mfumo ndio unatoa, mzee." Namba zenyewe siziandiki hapa, msije mkazigeuza bei elekezi. Ninacholalamikia si ukubwa wa hela. Ninachokataa ni kulipishwa kitu ambacho anayenilipisha mwenyewe hawezi kuniambia kimetokana na nini. Hata kwenye chama cha msingi, huko tunakouzia korosho, pamoja na makato yao yote, karatasi unapewa: kilo hizi, makato haya, chako hiki. Unaweza kugombana na karatasi. Na mfumo unagombana nao vipi?

Mpwa wangu akanitafutia kwenye simu kanuni za ada za mahakama za mwaka 2018, zenye jedwali lake. Ziko kwa Kiingereza. Mwaka 2021 sheria ilibadilishwa ili Kiswahili kiwe lugha ya mahakama, tukashangilia. Mkulima wa kusini asome jedwali la Kiingereza ili ajue adaiwacho! Na ukutani pale limebandikwa tangazo la kuzima simu, jedwali hakuna.

Sasa sikilizeni palipoungua.

Kutoka Mwanzo kwenda Wilaya una siku 30 tangu uamuzi utolewe. Mimi nilipoteza siku 11 kungoja nakala ya hukumu, nikiamini bila nakala hawapokei. Kumbe kwa rufaa inayotoka Mahakama ya Mwanzo sheria haikulazimishi kuambatanisha nakala. Hilo nimeambiwa na msaidizi wa kisheria wakati maji yameshamwagika. (Hawa wasaidizi wa kisheria wanatambuliwa na sheria ya mwaka 2017. Kama kwenu wapo, waoneni mapema kuliko mimi.) Hapo ongeza na safari mbili za kufukuzia ada, kwenda na kurudi kwa bodaboda.

Siku ya 28, Jumanne, nikawasilisha sababu zangu za rufaa, zikapokelewa. Nikaomba kontrol namba, ile namba ya kulipia serikalini, nilipe palepale, hela ninayo mfukoni. "Itakuja kwenye simu." Jumatano kimya. Ikaingia Alhamisi saa moja usiku, siku ya 30 hiyo, nikiwa kijijini, wakala kafunga na mtandao unakuja na kuondoka. Ijumaa asubuhi na mapema nikalipa.

Nje ya muda!

Maana tangu mwaka 1992 Mahakama ya Rufani ilishaamua kwamba tarehe ya kufungua shauri ni tarehe uliyolipa ada, si tarehe karatasi zilipopokelewa masjala. Sawa, enzi hizo ulikuwa unatoa noti dirishani, unakatiwa risiti, umemaliza. Kuchelewa kulipa kulikuwa kwako. Leo siwezi kulipa mpaka nipewe namba, na namba siitengenezi mimi. Anayeniwekea saa ndiye huyohuyo aliyeshika ufunguo wa mlango.

Dawa yake nimeambiwa ni kuomba kuongezewa muda, na hati ya kiapo juu. Na maombi hayo yana ada yake. Ndiyo, mmesoma vizuri: nilipie kuomba ruhusa ya kukata rufaa niliyokwisha kuilipia. Na kwenye kiapo natakiwa nieleze kila siku niliyochelewa, moja baada ya nyingine, nilikuwa wapi na nafanya nini. Siku zangu zinahesabiwa kwa kidole. Ada yangu hakuna wa kuihesabu mbele yangu.

Na tusichanganye mambo, maana kuna jamaa kanijibu inboksi "ukishinda utarudishiwa". Ada inaingia serikalini kwa hiyo kontrol namba. Gharama za kesi ni jambo jingine, mshindi anazidai kwa mshindwa, kwa maombi mengine tena, na hapo uwe umeshinda. Yupo pia asiye na uwezo kabisa, anayeweza kuomba asamehewe ada. Hilo nalo mimi hakuna aliyenitamkia pale dirishani.

Kwa hiyo nauliza, na nataka majibu ya waliowahi kufungua rufaa, Mtwara au Lindi:

Mlipewa mchanganuo wa ada kwa maandishi kabla ya kulipa? Kontrol namba ilichukua muda gani? Na kuna aliyewahi kukubaliwa kuongezewa muda kwa sababu namba ilichelewa, si yeye? Kama yupo aniambie aliambatanisha nini. Mimi nina ujumbe wa simu wa Alhamisi, saa 1:12 usiku, sijaufuta na siufuti.