Sifa zote kwa mwongozaji, dizaina wa seti hata jina hatajwi! Wachambuzi wa filamu za Georgia mmenichosha

Wakuu salaam, leo nina hasira mnivumilie.

Kuna mchambuzi mmoja (simtaji, wafuasi wake watanishukia hapa) katoa video ndeeefu kuhusu filamu ya Pirosmani ya 1969, inayomhusu mchoraji Niko Pirosmani, Georgia ya Tbilisi hii siyo jimbo la Marekani, mwanzo mwisho ni "jicho la Giorgi Shengelaia", "rangi za Shengelaia", "ukimya wa Shengelaia". Sawa, kaongoza yeye, nani kabisha? Ila lile duka la maziwa limesimama uwanjani peke yake, jeupe pee, picha za ng'ombe zimetundikwa nje, na wale watu wamekaa mezani wametulia tuli kama wamechorwa, ina maana viliota vyenyewe kama uyoga? Mkono wa dizaina Avto Varazi huo! Na kinachoniua zaidi, Varazi ndo huyo huyo aliyecheza kama Pirosmani. Yani sura ya mtu umeikodolea macho filamu nzima, unamsifia "kaigiza vizuri" halafu unapita zako, hujui kama jamaa ni mchoraji na seti anayozunguka ndani yake kashiriki kuibuni mwenyewe.

Na ugonjwa huu wa zamani sana. Baba yake huyo Giorgi, Nikoloz Shengelaia, alitoa Eliso mwaka 1928, filamu bubu, Wachechen wanafukuzwa kijijini kwao enzi za utawala wa tsar, mfalme wa Urusi. Dizaina alikuwa Dimitri Shevardnadze. Huyu mzee bwana! Kasomea uchoraji Munich, karudi Tbilisi, 1920 kaanzisha jumba la taifa la sanaa, na yeye ni mmoja wa waliohangaika kukusanya picha za Pirosmani kipindi ambacho hazina thamani yoyote, mwenye picha zake kafa fukara 1918. Kwa hiyo dizaina wa baba ndo kaokoa picha ambazo mtoto kaja kuzitolea filamu miaka arobaini baadaye, na bado mtu anakaa saa nzima anaongelea ukoo wa Shengelaia tu!!

Tena Shevardnadze hakufa kitandani. Wakubwa wa utawala wa Kisovieti walitaka kubomoa kanisa la Metekhi pale Tbilisi, akapinga, 1937 wakamkamata wakamuua. Kanisa lipo hadi leo juu ya mto Mtkvari, watalii wanapiga selfi.

Jumba lile la sanaa sasa hivi lina jina lake, sawa, hilo wamefanya. Ila kwenye mabandiko ya filamu humu ndani nimetafuta Eliso, nimekuta Nikoloz, Nikoloz, Nikoloz, na mmoja kamtaja Shevardnadze akidhani ni yule Eduard Shevardnadze aliyekuwa rais wa Georgia. Jamani!

Na wewe unayekuja kuniambia "dizaina anafuata tu anachoambiwa na mwongozaji", kaitazame Pirosmani kwanza ukiwa umezima sauti, ndo urudi tubishane.