Naombeni ushauri: mbwa wawili wakubwa wanaweza kumzuia chui zizini?

Mjukuu wa Kalemela

Wakuu, habari za jioni.

Mimi niko Buhongwa, Mwanza, ni fundi umeme. Mzee wangu anaishi Busega, ule upande wa barabara ya Musoma kabla hujafika geti la Ndabaka. Ukisimama mlangoni kwake unaliona ziwa, ukigeuka nyuma Serengeti haiko mbali. Ana mbuzi thelathini na kitu, zizi la miiba, na alikuwa na mbwa mmoja wa kienyeji aliyeitwa Simba. (Mzee ni Yanga wa damu, jina alilitoa kwa makusudi.)

Ndani ya mwezi mmoja mbuzi wanne wameliwa. Juzi Simba naye akachukuliwa. Mzee anasema hakumsikia akibweka hata mara moja. Asubuhi wamekuta damu kidogo karibu na simtanki, na alama ya kitu kilichoburutwa kuelekea vichakani. Majirani wote wanasema chui.

Sasa kuna jamaa hapa mjini anauza mbwa wawili wakubwa aina ya Boerboel, dume na jike, milioni moja na laki mbili kila mmoja. Anasema dume lina kilo 70 na chui hafiki huko, kwa hiyo wawili wanammaliza kabla hujavaa ndala. Kanionyesha na video: mbwa wamemzunguka simba, simba anarudi kinyumenyume. Mzee ameshaanza kutafuta mteja wa ng'ombe wake ili pesa ipatikane.

Mnaojua nisaidieni. Ni kweli, au tunaenda kumnunulia chui kitoweo cha bei mbaya?

Sato wa Kirumba

Pole sana mkuu kwa mbuzi. Ila hii ya Simba kuliwa kimyakimya ungeipeleka jukwaa la michezo.

Kamanda wa Igogo

Nunua. Mimi nina German Shepherd watatu, hakuna kiumbe kinachokatiza kwangu usiku. Hao Boerboel makaburu waliwafuga mashambani kwa kazi hiyohiyo ya kulinda. Na chui mwoga tu yule, mgongee debe uone anavyokimbia.

Mganga wa Ng'ombe

Kabla ya bei ya mbwa nina maswali. Hao mbuzi wanne mlikuta nini? Mzoga wenye matundu ya meno kooni, au vipande vimetawanyika na mifupa imetafunwa? Nyayo je, zina alama za kucha? Fisi kucha zake zinachapa ardhini kila hatua, kama za mbwa. Chui anatembea kazificha, unaona vidole vinne na kiganja basi.

Nauliza kwa sababu huku kwetu chui anasingiziwa sana. Anayekula mara nyingi ni fisi.

Ngosha wa Magu

Mwanawane! Na fisi wa Usukuma wana wenyewe. Muulize mzee kama hajagombana na mtu.

Pimbi Mzee

Kijana, nimetembea porini upande wa Ikoma miaka mingi kabla sijastaafu na kuja kukaa hapa Nyegezi. Huyo muuzaji anakupimia mbwa kwa kilo kama anauza sangara.

Dume la chui kwetu lina kilo 50 hadi 60 na ushee, jike 30 hadi 40. Kwa mizani Boerboel anamzidi, hapo hajakudanganya. Lakini mtazame paka wa pale Mwaloni, yule anayeshinda kwenye vichwa vya samaki. Ana kilo nne. Mbwa wa kilo ishirini akimbana kwenye kona, nani anaondoka pua inavuja damu? Sasa huyo ndiye mdogo wa ukoo.

Mbwa ana silaha moja, mdomo. Miguu yake ya mbele imeumbwa kwa kukimbia, haiwezi kukumbatia kitu. Paka anageuza viganja, anakushika kama mtu anavyoshika, anakuvuta kwenye meno. Na usifurahi ukiona kaanguka chali, hapo ndipo pabaya, maana miguu ya nyuma inapanda kuchana tumbo. Kucha zake anazirudisha ndani akitembea, hazisagiki kwenye mawe, ndiyo maana zina makali kila siku. Meno anayo 30 tu, mbwa anayo 42, lakini taya lake ni fupi na nguvu yote inaishia kwenye chonge. Halafu angalia kila mmoja anavyoshinda. Chui anabeba mzoga mzito kuliko yeye mwenyewe na kupanda nao mtini. Boerboel wa mjini anashinda akisubiri ugali wa dagaa.

Simba tumwache, dume linavuka kilo 150. Hapo hakuna mjadala.

Hayo yote ni kama wangekutana mchana, uso kwa uso. Chui hapangi pambano na mtu. Umesema mwenyewe mbwa hakubweka. Alishakabwa koo kabla hajajua kuna nini. Mbwa kwa chui ni nyama kama nyama nyingine, tena anaipenda. Kule India, jijini Mumbai, kuna chui wanaoishi hifadhi ya Sanjay Gandhi katikati ya jiji, na sehemu kubwa ya chakula chao ni mbwa wa mitaani.

Kamanda wa Igogo

Mzee wangu, shikamoo. Na video je? Simba anaonekana anarudi nyuma, au macho yangu mabovu?

Pimbi Mzee

Marahaba. Macho yako mazima, na video inaweza kuwa ya kweli kabisa.

Kusini mwa Afrika wawindaji walizalisha mbwa wa kuwindia simba, Rhodesian Ridgeback. Ana kilo 40 hivi. Hakuumbiwa kupigana na simba, angekufa siku ya kwanza. Kazi yake ni kumzunguka, kubweka, kuingia na kutoka, kumvuruga asiondoke mpaka mwenye bunduki afike. Marekani nako puma, paka mkubwa wa porini huko, anapandishwa mtini na mbwa wadogo kuliko yeye. Angeshuka angewaua mmoja mmoja. Ila mnyama anayewinda peke yake akivunjika mguu leo, wiki ijayo njaa imemmaliza, kwa hiyo anapiga hesabu na kuona bora akae juu.

Umeona lakini, kwenye habari hizo zote kuna mtu anakuja nyuma ya mbwa. Kwa mzee wa Busega saa tisa usiku anakuja nani? Na fimbo gani?

Kamanda wa Igogo

Hapo sina jibu. Bado nasema wangu hawaguswi, lakini wako Igogo, chui hana nauli ya kufika.

Mama Nansio

Mwanangu, mimi ni wa Ukerewe ila nimeolewa Serengeti, wakwe zangu ni wafugaji. Kwanza usinunue mbwa mkubwa aliyekulia getini mjini. Hajawahi kuona mbuzi. Wiki ya kwanza atakula mbuzi yeye, chui atapumzika.

Mbwa wa mifugo analazwa na mbuzi tangu kitoto. Namibia tangu 1994 wafugaji wanapewa mbwa wa wachungaji wa Uturuki, wanakulia humohumo zizini, na kweli duma amepungua kusumbua. Lakini huyo ni duma, mwepesi, kucha zake butu kwa mbio, hataki ugomvi na mtu. Chui si duma. Botswana wao wametumia mbwa wa kienyeji kama wetu, wamefanya kazi vizuri na hawali gharama.

Sisi tulikuwa na watatu wadogo, wanalala NDANI ya uzio. Mmoja akisikia kitu wote wanapiga kelele, mume wangu anatoka na tochi, watoto wanagonga masufuria. Mbwa mmoja peke yake nje ya zizi, mwanangu, huyo mlimweka sahani.

Na miiba mtoe. Chui anaruka na mbuzi mdomoni. Weka wavu wa seng'enge, ufunike na juu.

Sato wa Kirumba

"Mlimweka sahani." Mama umemaliza uzi.

Pimbi Mzee

Wewe si fundi umeme? Kuna kijana wa Kenya, Richard Turere, kwao ni jirani na hifadhi ya Nairobi. Akiwa bado mtoto alitengeneza taa za kuwaka na kuzima kuzunguka zizi, simba wakadhani kuna mtu anatembea na tochi. Alitumia betri ya gari, sola na kile kidude cha indiketa ya pikipiki. Vidude hivyo Buhongwa vimejaa.

Mganga wa Ng'ombe

Niongeze mawili ambayo hamjayagusa.

Mnashindanisha mbwa na simba kwa meno, wakati mbwa ameshawaua simba bila kuwagusa. Mwaka 1994 distempa, ugonjwa wa virusi wa mbwa, iliingia Serengeti, simba wapatao 1,000 wakafa, karibu theluthi ya waliokuwepo. Virusi vilihusishwa na mbwa wa vijiji vinavyozunguka hifadhi. Ukame wa 1993 ulikuwa umedhoofisha nyati na kuwajaza kupe, simba wakala nyati hao, wakapata ugonjwa wa kupe juu ya distempa. Kwa hiyo mbwa yeyote utakayempeleka Busega, achanjwe distempa na kichaa cha mbwa kabla hajapanda gari. Mwambie na jirani achanje wake.

La pili, mzee asitie sumu kwenye mzoga. Najua hasira. Ni kosa, na wa kwanza kufa ni tai na mbwa wa majirani, chui huenda asiguse kabisa. Akiuawa mbuzi mwingine, mtendaji wa kijiji aarifiwe asubuhi hiyohiyo ili afisa wanyamapori wa wilaya aje mzoga ukiwepo. Kuna kanuni za kifuta jasho. Pesa yenyewe haifikii bei ya mnadani, usiende nayo na matumaini makubwa, ila taarifa iwepo.

Mjukuu wa Kalemela

Wakuu nimerudi, samahani kwa ukimya. Nilikwenda nyumbani Jumamosi.

Mganga, maswali yako yalimkuta mzee amejipanga. Alikuwa amefunika unyayo mmoja kwa sufuria tangu siku ile, mama anamlalamikia hana pa kupikia. Ule wa karibu na simtanki ni wa mviringo, hauna kucha. Lakini nyuma ya zizi, kwenye tope, kuna nyayo nyingi na zote zina kucha, na fuvu la mbuzi tuliloliokota limetafunwa kama muwa. Kwa hiyo nadhani mbuzi ni fisi, Simba ndiye aliyekwenda na chui. Au nakosea?

Mganga wa Ng'ombe

Hujakosea. Wanapishana zamu.

Mjukuu wa Kalemela

Basi ng'ombe hauzwi. Muuzaji nimemwambia hapana, kapunguza hadi laki tisa, kisha laki saba, nikaacha kupokea simu. Pesa yangu ya mwezi huu imeingia kwenye seng'enge na nguzo, tumefunga pande tatu na juu nusu, hela imeishia hapo, namalizia mwisho wa mwezi. Taa nimefunga sita, indiketa mbili za bodaboda, paneli moja ndogo. Jirani alikuja kuuliza kama tumefungua baa.

Mama Nansio, wabeja sana. Jirani huyohuyo mbwa wake amezaa, tumechukua watoto watatu na wanalala na mbuzi. Chanjo wanamaliza mwezi ujao. Usiku wa kwanza walilia mpaka alfajiri, mzee akawa anatoka na tochi kila baada ya nusu saa, nadhani hata fisi walichoka.

Mmoja ameshapewa jina. Silitaji hapa, kuna mtu wa Kirumba anasubiri.