Kenya: aliyebakwa aanzie polisi au hospitali?

Mkaazi: Wadau, kesi za ubakaji zinaporomoka kortini kwa kukosa ushahidi, watu wanakata tamaa na kuanza kuchoma washukiwa barabarani. Inauma. Mwathiriwa aanzie wapi?

Muuguzi wa zamu: Hospitali, jamani! Katiba ya 2010, kifungu cha 43(2), inakataza kumnyima mtu matibabu ya dharura, kwa hiyo asirudishwe akalete P3, ile fomu ya polisi ambayo daktari hujaza majeraha. Dawa za kuzuia HIV zianze ndani ya saa 72, na kila saa ina uzito wake. Humezwa siku 28 bila kuruka. Za kuzuia mimba, mwisho saa 120. Asioge kabla ya kupimwa.

Shangazi Rehema: Na nguo asifue! Wengi huzitia kwenye mfuko wa plastiki, unyevu unabaki ndani, kuvu inaota, DNA inaharibika. Zikiwa mbichi zikauke kivulini, kila nguo na bahasha yake ya kaki, iandikwe tarehe na saa. Kila anayeipokea atie sahihi, la sivyo wakili wa mshtakiwa atauliza bahasha ililala kwa nani.

Karani: Hospitalini adai fomu ya PRC, yaani ya huduma baada ya kubakwa, ijazwe siku hiyo hiyo, abaki na nakala yake. Kituoni achukue nambari ya OB, kitabu cha matukio cha polisi. P3 ikijazwa wiki mbili baadaye bila PRC, michubuko imeshapona na daktari hana cha kuandika. Hapo ndipo kesi nyingi hufia.