Chupa ya buluu: rangi imepakwa au imo ndani?

Swali
Habari wadau. Nina vipande vya chupa ya buluu iliyovunjika. Nimevikagua ukingoni: buluu tupu kutoka upande mmoja hadi wa pili, hakuna tabaka la rangi. Sasa rangi hii imeingiaje? Na je, kioo chekundu nacho hutengenezwa hivyohivyo?

Jibu: Myeyusha Mchanga
Imo ndani, ndugu. Hutiwa wakati mchanga, magadi na chokaa vinapoyeyushwa tanurini, ikasambaa kama chumvi kwenye maji. Buluu nzito hivyo kwa kawaida ni madini ya kobalti. Nimeyeyusha vioo miaka mingi na bado nguvu yake hunistaajabisha: gramu moja ya oksidi ya kobalti kwa kilo nzima ya kioo yatosha kabisa. Inafyonza mwanga wa manjano na mwekundu, buluu inapita.

Ila usidhani kila madini yana rangi moja. Mchanga wenyewe huwa na chuma, ndiyo maana kioo cha dirisha ukikitazama ubavuni kina ukijani. Chuma hichohicho kikikutana na salfa na kaboni, oksijeni ikiwa haba, unapata kahawia ya chupa za dawa. Na shaba! Hewa ikitosha tanurini inatoa feruzi. Ikinyimwa oksijeni inatoa wekundu. Kwangu mimi kazi yote iko hapo, kuutawala moto na hewa yake. Kupima unga wa rangi, mtu yeyote anaweza.

Muulizaji
Asante sana. Hiyo kahawia ya dawa ni mapambo tu?

Jibu: Mfamasia
Hapana. Inazuia mionzi ya urujuanimno (UV, isiyoonekana kwa macho) na sehemu kubwa ya mwanga wa buluu, ambayo huharibu dawa nyingi. Chupa ya kijani haikingi vizuri kama ya kahawia, na nyeupe, yaani isiyo na rangi, ndiyo dhaifu kuliko zote.

Jibu: Myeyusha Mchanga
Nimalizie nyekundu. Ipo pia ya dhahabu, na hiyo inataka subira: kioo kinaweza kutoka tanurini bila rangi yoyote, ukikipasha moto tena ndipo chembe za dhahabu zinakua na wekundu unajitokeza. Kikombe cha Lycurgus, kazi ya Warumi wa karne ya 4 kilichopo British Museum, kina chembe ndogo mno za dhahabu na fedha. Mwanga ukikiangukia kwa nje ni kijani, ukitokea ndani yake ni chekundu.

Nyekundu ya shaba ni nzito mno. Kipande kinene huonekana cheusi. Kwa hiyo mafundi wa madirisha ya makanisa ya Ulaya walilaza utando mwembamba wa kioo chekundu juu ya kioo cheupe. Ukivunja hicho, tabaka mbili utaziona wazi ukingoni, na fundi akitaka nakshi nyeupe anausaga ule utando mwekundu mpaka uishe.